Aliyeliliwa Amerudi



Tangu tarehe 27 mwezi wa kwanza 2025, siku Goma ilipoanguka mikononi mwa M23, zilikuwako nyumba hapa kwetu ambamo simu haikuzimwa usiku. Mama alilala nayo kando ya sikio. Mwanawe yuko jeshini upande wa mashariki, naye hapokei. Siku ya kwanza watu walisema, "Betri imekwisha." Wiki ya kwanza walisema, "Amekimbilia porini." Mwezi wa pili hakuna aliyesema neno, ila majirani walianza kuja jioni kukaa kimya barazani, na kila mtu alijua maana ya kukaa kule.

Kisha, tarehe 30 mwezi wa nne, zikatoka habari nyingine. Askari na polisi waliokimbilia katika kambi ya MONUSCO kule Goma, wakanyang'anywa silaha, walianza kupakiwa katika magari ya Msalaba Mwekundu wa kimataifa na kupelekwa Kinshasa. Wao pamoja na jamaa zao walizidi elfu moja. Miezi mitatu walikuwa ndani ya ukuta, wakila, wakilala, wakihesabiwa. Aliyekuwa na simu pengine aliweza kuwaambia watu wake. Lakini si kila askari anayekimbia hukimbia na simu mfukoni.

Ni habari hiyo iliyotusukuma kuandika leo. Twataka kusema juu ya askari anayedhaniwa amekufa, naye yu hai, akarudi. Watu hupenda kuisikiliza kama hadithi ya ajabu, wanapiga makofi, wanakwenda zao. Sisi twasema kwamba ni jambo la Serikali, la mahakama na la mshahara. Nami ninayeandika nina sababu ya kulijua, maana liliingia katika ukoo wetu nikiwa mtoto wa miaka kumi na minne.

Mjomba wangu, mdogo wake mama, aliingia jeshini mwaka 1997, wakati AFDL ilipopita Kindu. Alikuwa kijana wa miaka ishirini, na nyumbani aliacha mke na mtoto wa kike ambaye hajaota meno. Walimpeleka Kinshasa. Barua mbili zilifika, na mara moja fedha kidogo kwa mkono wa mchuuzi. Mwaka 1998 vita vikaanza upya, na katika mwezi wa kumi RCD ikaikamata Kindu. Tangu hapo sisi tulikuwa upande mmoja wa vita, na mjomba upande wa pili. Gari la moshi la Lubumbashi likakoma. Mai-Mai walikuwa porini, RCD mjini, na sisi raia katikati, tukila muhogo wa uani. Barua ingepita wapi?

Mwaka 2000 alifika mtu aliyetokea Kisangani, akasema kwamba kikosi cha mjomba kilivunjika kule Equateur katika mwezi wa saba 1999, Gbadolite ilipoanguka, na kwamba yeye mwenyewe alimwona mjomba akizama katika mto Ubangi. Alisema "nilimwona". Neno hilo moja likatosha. Kumbe mjomba hakuzama. Alivuka pamoja na maelfu ya askari wengine wa Serikali, wakafika ng'ambo katika nchi ya Afrika ya Kati, wakapokonywa bunduki. Lakini mtu aliye ukingoni humwona mwenzake akishuka majini. Hamwoni akitoka ng'ambo ya pili. Simlaumu mtu yule. Yeye si mkubwa wa jeshi, wala si kazi yake kutangaza vifo vya askari wa Serikali. Lakini kwa kuwa mwenye kazi hiyo alikaa kimya, mpita njia akaifanya badala yake.

Tulifunga matanga mwaka 2001. Maiti haikuwako, basi wakaweka picha yake juu ya kiti, wakaifunika kitambaa cheupe. Padri alisoma misa. Mke wa mjomba alinyolewa nywele. Nakumbuka kwamba bibi yetu alikataa kulia mbele ya kile kiti, na watu wakasema moyo wake ni mgumu.

Mwaka 2004 gari la moshi la kutoka kusini lilianza kufika tena Kindu. Nani wa mji huu aliyesahau kelele za siku zile kule stesheni! Mjomba alishuka katika mojawapo ya magari hayo ya kwanza, amekonda, amebeba mfuko wa plastiki, ana kovu jipya shingoni. Watoto wa mtaa ndio waliomwona kwanza, wakatimua mbio wakipiga kelele, "Mufu anakuja!" Shangazi mmoja alijifungia jikoni. Wazee walimsimamisha uani wakaanza kumwuliza majina ya babu zake, kama polisi. Bibi alitoka na sahani ya wali na sombe, akaiweka chini mbele yake, akamwambia: "Kama uko mutu, kula." Akala yote. Hapo ndipo bibi alipolia.

Hadi hapo ni hadithi, na wasimuliaji wengi huishia hapo. Sisi tuendelee.

Mke wake alikuwa ameolewa. Alingoja 1998, 1999, 2000. Matanga yakafungwa 2001. Mwaka 2002 akaolewa na mwanamume wa wale waliosukuma baiskeli zenye chumvi na mafuta ya mawese porini, kazi iliyolisha mji wetu wakati wa kufungwa. Mjomba aliporudi alimkuta ana mtoto mchanga mgongoni. Midomo ya watu haikungoja hata jua litue. Wanawake wenzake kisimani walimwita jina nisiloweza kuliandika. Wengine wakamchochea mjomba adai mbuzi wa mahari, wengine wakamwambia amfukuze yule mwanamume kwa panga, maana askari ni askari.

Twauliza, kosa la mwanamke yule lilikuwa nini? Alingoja kupita nguvu zake. Alimlilia mbele ya padri na mbele ya ukoo. Mtu aliyemwambia "wewe ni mjane" hakuwa yeye mwenyewe. Alikuwa ni mji mzima uliokula chakula cha matanga yale. Haifai mji uliomfanya mjane leo umwite mzinzi.

Lakini si midomo ya watu tu. Hata sheria hazisemi kwa sauti moja, na ni vema wasomaji wazijue kabla jambo halijawafikia. Sheria ya familia ya nchi yetu, ile ya tarehe 1 mwezi wa nane 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inazungumza juu ya mtu aliyetoweka. Inataka mahakama itoe hukumu kwamba mtu huyo hayupo, au kwamba amekufa. Mke akiolewa baada ya hukumu hiyo, ndoa ya kwanza imekwisha, hata kama mume atatokea kesho yake. Kanisa Katoliki linasema vingine: kutoonekana peke yake, hata kwa miaka mingi, hakutoshi, yapasa askofu achunguze na kutamka kwamba kifo kinadhaniwa kweli, na mume wa kwanza akirudi hai, ndoa ya kwanza ndiyo inayosimama. Ndugu zetu Waislamu, ambao ni wengi hapa Maniema tangu zamani za Kasongo, wanajua hukumu ya Omar bin Khattab: mke wa aliyepotea angoje miaka minne, kisha akae eda ya miezi minne na siku kumi, ndipo awe huru. Wako pia wanazuoni wanaosema angoje mpaka ipatikane yakini. Mwanamke mmoja, mlango huu wamwita mke, mlango ule wamwita mjane. Na katika Kindu ya mwaka 2002 hakimu wa kumpa hukumu alikuwa wapi? Bunduki ndizo zilizohukumu.

Katika ukoo wetu wazee walikaa siku mbili chini ya mwembe. Mjomba mwenyewe ndiye aliyekata shauri. Alisema hatavunja nyumba ambayo haikujengwa kwa wizi, ila binti yake amjue. Mume wa pili akaleta mbuzi mmoja na kitenge kwa bibi, akakaa chini ya miguu yake, na mambo yakaisha. Binti yule alikua na baba wawili. Si kila nyumba ilipata bahati ya namna hiyo. Twajua zilizomaliza jambo kwa damu.

Sasa habari ya karatasi. Mimi ni karani, kazi yangu ni orodha. Katika machimbo, mfanyakazi asipofika, natia alama. Siku zikizidi, mkubwa aniambia nikate jina lake. Kulikata ni mstari mmoja wa kalamu. Kulirudisha huhitaji barua, mashahidi, muhuri, na mkubwa ambaye leo ana safari. Kwa hiyo sikushangaa sana mjomba alipotuambia yaliyomkuta. Alikwenda katika ofisi moja ya jeshi, siitaji, akiwa na kadi yake ya zamani na cheti cha ubatizo. Mtu wa nyuma ya meza alifunua kitabu, akaweka kidole, akasema: "Huyu alikufa." Mjomba akamjibu, "Huyu ndiye anayesema nawe." Yule akafunga kitabu.

Mshahara wa miaka ile hakuupata hadi leo. Basi tukauliza, kama kitabu chasema alikufa, je, mjane wake aliwahi kupewa kitu? Aliwahi kuletewa hata karatasi moja ya pole? Hapana. Alikuwa amekufa vya kutosha kunyimwa mshahara, lakini hakufa vya kutosha mjane wake alipwe. Wasomaji wanaojua orodha za mishahara na hesabu zake wataelewa kwamba fedha ya mtu wa namna hiyo haipotei hewani. Ina mfuko ilimoingia.

Msidhani kwamba mambo haya ni ya Kongo peke yake. Mwaka 1974 dunia nzima ilizungumza juu ya Hiroo Onoda, ofisa wa Japani aliyetoka porini katika kisiwa cha Lubang huko Ufilipino, karibu miaka thelathini baada ya vita kwisha. Kwao walikwisha kumtangaza marehemu mwaka 1959. Alipokewa kama shujaa, magazeti yakajaa picha zake. Mwisho wa mwaka huohuo akapatikana mwingine, katika kisiwa cha Morotai, Indonesia. Huyu Wajapani walimwita Teruo Nakamura, lakini hakuwa Mjapani. Alikuwa mtu wa kabila la Waamis wa Taiwan, nchi ambayo wakati ule wa vita ilikuwa koloni la Japani. Jeshi lilikuwa limeandika kwamba alikufa katika mwezi wa kumi na moja 1944. Alirudi Taiwan mwanzoni mwa 1975, akamkuta mkewe ameolewa. Na malipo? Kwa kuwa alikuwa askari wa koloni, sheria ya pensheni haikumhesabu. Alipewa kwanza yen 68,000, fedha ya kununulia vitu vya nyumbani tu, kwa miaka thelathini ya utii. Ni baada ya watu wa Japani wenyewe kuona haya na kupiga kelele ndipo alipoongezewa. Akafa mwaka 1979.

Bara lile ni mbali, lakini kitabu ni kilekile. Babu zetu wa Force Publique walipelekwa Tabora mwaka 1916, na nyuma yao wapagazi wasio na hesabu, wengi wao kutoka mashariki ya Kongo, na wengi hawakurudi. Walipelekwa Abyssinia mwaka 1941, ambako katika mwezi wa saba jenerali wa Italia, Gazzera, alijisalimisha kwao kule Saio. Kikundi chao cha wauguzi kilifika hadi Burma, kikahudumia majeruhi pamoja na askari wa Afrika ya Mashariki. Mama wa kijiji ambaye mwanawe yuko Burma angepata wapi habari? Angemwuliza nani, na kwa lugha gani? Mwaka 2022, tarehe 8 mwezi wa sita, mfalme wa Ubelgiji alimvika nishani kule Kinshasa Albert Kunyuku, wa mwisho wa askari wale, mzee wa miaka mia moja. Tulimfurahia mzee. Lakini miaka 77 kwa nishani moja ni mwendo wa konokono, na wenzake waliosubiri kaburini hawakuitwa.

Wala sisi wenyewe, baada ya kujitawala, hatukujifunza upesi. Patrice Lumumba, ambaye katika ujana wake alikuwa karani wa kampuni ya madini hapahapa Maniema, aliuawa tarehe 17 mwezi wa kwanza 1961. Watawala wa Katanga walikaa wiki karibu nne kabla ya kutangaza kifo, na walipotangaza walisema uongo kwamba wanakijiji ndio waliomwua. Mkewe Pauline alitembea kwa miguu katika barabara za Léopoldville kuomba maiti ya mumewe. Hakupewa. Jino moja ndilo lililorudi, mwaka 2022, naye Pauline alikwisha kufariki.

Ulimwengu una mapatano juu ya mambo haya, na Kongo imo ndani yake. Mkataba wa Geneva wa mwaka 1949 wasema kwamba mateka wa vita lazima awezeshwe kuwaandikia jamaa zake kadi, mara anapotekwa au kabla ya kupita wiki moja tangu kufika kambini. Itifaki ya mwaka 1977 inataja wazi haki ya familia kujua yaliyompata mtu wao. Wakati wa vita ile ya 1998 Msalaba Mwekundu ulichukua barua za wazi, zenye habari za nyumbani tu, kutoka upande mmoja wa vita hadi upande wa pili. Ziko nyumba Kindu zilizookolewa na kikaratasi kimoja kilichosema: "Mimi mzima, watoto wako shuleni?" Sisi hatukukipata. Hatukujua hata kwamba kuna mahali pa kuulizia, na hilo ni kosa letu, nalikubali.

Kwa hiyo twasema wazi kwa wakubwa wa jeshi na wa jimbo. Familia ya askari ipewe habari kwa maandishi, kwa Kiswahili au Kilingala kinachosomeka, ikisema moja kati ya mambo manne: yu kazini, ametekwa, hajulikani alipo, amekufa. Hata hilo la "hajulikani" liandikwe. Ni chungu, lakini ni neno la kweli, na mtu aweza kulishika mkononi. Wakati askari hajulikani alipo, mshahara wake usikatwe. Uende kwa mke na watoto mpaka mahakama iseme. Na mahakama isingoje mjane auze baiskeli ili afike Kindu. Hakimu aende Kalima, aende Punia, aende Kasongo, akasikilize mashauri haya bila malipo. Mtatuambia fedha hakuna. Sisi tunaopakia kasiterite na kuandika uzito wa magunia tunajua ni nini kinachotoka katika jimbo hili kila wiki.

Na ninyi majirani, acheni haraka ya kutoa kiti uani. Mpita njia akija na neno la "nilimwona", mwulizeni aliona nini hasa, mahali gani, siku gani, nani mwingine alikuwapo. Mwandikeni jina lake. Na aliyedhaniwa amekufa akirudi, msimkimbie, msimgeuze mchezo wa watoto. Mjomba anasema kwamba ule mto Ubangi haukumtisha kama macho ya watu wa mtaa wake walipomtazama miguuni kuona kama inagusa ardhi.

Siku hizi mjomba anachimba Kalima. Amezeeka kabla ya wakati, kifua kinambana. Tangu Goma ianguke, kila akishuka Kindu huvuka kwenda Alunguli, nyumbani kwa mama mmoja ambaye mwanawe hakuwamo katika yale magari ya kwenda Kinshasa. Hukaa naye tu. Hamwambii kwamba mwana yu hai, maana hajui. Wiki iliyopita alinijia na karatasi iliyokunjwa: jina la kijana, namba yake ya jeshi, mahali alipopigia simu ya mwisho, na majina ya wenzake wawili wa kikosi. Akaniambia, "Karani, andika vizuri, kwa herufi kubwa." Nimeandika nakala tatu. Jumatatu tunazipeleka kwa Msalaba Mwekundu, na kila mwenye mtu asiyejulikana alipo aje nasi asubuhi, aje na namba.